UZI: Joka jeupe la Kumano, filamu bubu ya kutisha ya Japani (1921) ambayo haionekani tena

Kasuku wa Ng'ambo (mleta mada)

Wakuu, heshima kwenu.

Humu jukwaani zikitajwa filamu za kutisha za Kijapani, watu wanaanzia kwa yule binti anayetoka kwenye runinga nywele zimemfunika uso. Ile ni Ringu, ya 1998, wengi tuliiangalia shuka likiwa jirani. Leo nawapeleka nyuma zaidi, mpaka 1921. Filamu hazina sauti, kwenye filamu nyingi za Japani nafasi za wanawake bado zinachezwa na wanaume kama jukwaani kwa kabuki, ile tamthilia yao ya jadi, na mwandishi wa riwaya mwenye jina kubwa anaamua kuacha meza yake akatengeneze filamu ya mwanamke-nyoka.

Filamu inaitwa Jasei no In, yaani tamaa ya joka. Mwongozaji ni Thomas Kurihara, skripti ya Junichiro Tanizaki, kampuni ni Taisho Katsuei ya Yokohama, maarufu kwa kifupi cha Taikatsu.

Naanza na hadithi, kwa sababu usipoijua hutaelewa kwa nini Tanizaki aliichagua hii na kuziacha nyingine. Imo kwenye Ugetsu Monogatari, kitabu cha hadithi tisa za mizimu na maajabu cha Ueda Akinari, kilichochapwa 1776. Nitaileta kwa vipande.

KIPANDE CHA 1

Pwani ya Kii, upande wa Kumano, kuna tajiri mwenye wavuvi wengi chini yake. Mtoto wake wa mwisho, Toyoo, ni kijana mpole, mzuri wa sura, kazi za bahari hazitaki, anapenda vitabu. Baba kamwacha asome kwa kuhani mmoja wa Shingu.

Siku moja anarudi nyumbani mvua inamkamata, anajibanza kwenye kibanda cha mvuvi. Mara anaingia mwanamke wa miaka kama ishirini na mjakazi wake, wote wamelowa. Mwanamke ni mzuri kupita watu wa kijiji kile. Anaitwa Manago. Toyoo anampa mwavuli, na mwavuli wenyewe kauazima kwa mwalimu wake. Usiku anaota amekwenda kwa yule mwanamke, nyumba ya fahari, mapazia, wakala wakanywa. Asubuhi anaenda kuudai mwavuli. Anaikuta nyumba ileile ya ndotoni, lango lilelile.

Manago anasema yeye ni mjane, mume alikuwa ofisa wa serikali, na anamwomba Toyoo amuoe. Anampa zawadi, upanga wa marehemu uliopambwa kwa dhahabu na fedha. Toyoo analala nao kitandani kwake kama mtoto aliyenunuliwa kiatu kipya.

Kaka mtu akauona kesho yake. Nakuja.

Mtoto wa Chumbageni

Nimekaa pale, siti ya mbele. Mwanamke wa kwenye mvua, nyumba ya fahari ambayo jana haikuwepo, zawadi nono siku ya kwanza. Sisi watu wa Tanga kipande cha pili hatukihitaji, huyo tunamjua kwa jina na ukoo.

dada_Mwanaidi

Kaka Kasuku, usituache njiani kama ule uzi wako wa meli. Bado nakusubiri bandarini.

Mzee wa Gerezani

Mleta mada, nimesoma kichwa cha uzi mara mbili. Filamu haionekani tena. Sasa tunajadili hewa?

Kasuku wa Ng'ambo

Mzee wangu, shikamoo. Filamu hakuna nakala yake inayojulikana, ni kweli. Ila skripti ya Tanizaki ipo, ilichapwa, na imeshatafsiriwa kwa Kiingereza na Thomas LaMarre kwenye kitabu chake kuhusu Tanizaki na sinema. Nayo siyo muhtasari. Ni maonyesho yamepangwa moja baada ya jingine, maneno ya kuandikwa kwenye skrini yamo, na mahali kamera inaposogelea uso pametajwa. Unaisoma unaiona. Nipe nafasi.

KIPANDE CHA 2

Kaka anauliza upanga umetoka wapi. Familia inashtuka, kwa sababu hekalu kubwa la Kumano limeibiwa hazina zake, na upanga huu ni mmojawapo. Toyoo anakamatwa. Anajitetea kwamba kapewa na mwanamke fulani, basi askari wanaongozana naye mpaka kwenye nyumba.

Lango limeoza. Vigae vimevunjika, magugu yamejaa uani. Majirani wanasema hapa hajakaa mtu miaka. Askari wanaingia, vumbi limelala sakafuni, harufu mbaya, na katikati ya chumba kakaa mwanamke mzuri, peke yake, ametulia. Wanapomsogelea inapiga radi moja ya kupasua masikio, wanaanguka chini. Wakiinuka hayupo. Zimebaki hazina za hekalu, zimerundikwa.

Toyoo anakaa jela kwa muda, wazee wake wanahonga, anatoka. Kwa aibu anahamia kwa dada yake aliyeolewa na mfanyabiashara wa Tsubaichi, karibu na hekalu la Hase. Na nani anatokea dukani siku moja katikati ya mahujaji? Manago na mjakazi wake.

Toyoo anapiga kelele kwamba huyu ni shetani. Na hapa wakuu naomba msome polepole. Manago anamjibu mbele ya watu wote: nitazameni. Nguo yangu ina mishono. Nikisimama juani nina kivuli. Mzimu una mishono? Lile vumbi tulilimwaga sisi kuwapumbaza askari, na radi ilikuwa ni ujanja wa mjakazi wangu.

Dada mtu na shemeji wakamwamini. Wakawaozesha.

Mtoto wa Chumbageni

Kivuli! Kumbe na huko wanacheki kivuli? Huku kwetu tunaangalia miguu, kama ni ya mbuzi au ya mtu.

Kasuku wa Ng'ambo

Kaka Chumbageni, nao wana mambo ya miguu. Mizimu ya Kijapani kwenye michoro ya tangu karne ya 18 haina miguu kabisa, inaishia kwenye ukungu chini ya kiuno. Lakini Manago siyo mzimu wa mtu aliyekufa. Ni mnyama mwenye tamaa ya binadamu. Ndiyo maana anapita majaribio yote ya mzimu.

Na fikiria unaipiga picha hiyo. Skrini yenyewe ni vivuli. Mwanamke amesimama ndani ya filamu anaonyesha kivuli chake kama ushahidi kwamba yeye ni wa kweli. Akinari aliandika miaka zaidi ya mia kabla ya sinema kuvumbuliwa, lakini ni kama alikuwa anawawekea watu wa kamera kazi yao mezani.

dada_Mwanaidi

Mimi nimeshaanza kumpenda Manago. Kamtafuta mtu mpaka mji mwingine, kasimama mbele ya umati kajitetea kwa hoja. Toyoo kafanya nini zaidi ya kulia?

Sinza Kijiweni

Hoja za mwizi wa upanga hizo dada.

Msee wa Buruburu

Wadau, nafuatilia kutoka Nairobi. Swali: hii filamu kama haikuwa na sauti, haya maneno yote ya Manago watu waliyasikiaje? Ama walikuwa wanasoma tu kwenye skrini?

Kasuku wa Ng'ambo

Ndugu yangu wa Buruburu, umegonga mlango ambao nilikuwa nauendea.

Filamu bubu za Japani hazikuwa bubu. Kila ukumbi ulikuwa na msimulizi, anaitwa benshi. Anasimama pembeni ya skrini, muziki unapigwa, na yeye anaeleza kinachotokea, anaigiza sauti ya mwanamume, ya mwanamke, ya mtoto, anaweka na mawazo yake. Kulikuwa na kumbi zilizoweka wasimulizi kadhaa, kila mmoja na mhusika wake. Kwenye bango la ukumbi jina la msimulizi liliweza kuwa kubwa kuliko la mwigizaji. Mwishoni mwa miaka ya 1920 walikuwa zaidi ya 6,000 nchi nzima. Ni sababu mojawapo ya Japani kuchelewa kuhamia filamu za sauti. Mwongozaji Yasujiro Ozu hakutoa filamu yake ya kwanza ya hadithi yenye sauti hadi 1936.

Msee wa Buruburu

Haki ya nani! Si hao ni ma-DJ wetu! DJ Afro na filamu za Kihindi, mtu anaongeza vichekesho ambavyo hata mwenye filamu hajui.

Mzee wa Gerezani

Marahaba Kasuku, sasa umeniamsha. Vijana mnamtaja Afro, sisi tuna Lufufu. Nimekaa kwenye vibanda umiza nikiangalia filamu za Kichina ambazo bila Lufufu nisingejua nani kamuua nani. Kuna filamu niliiona baadaye bila yeye, nikaona kama imekatwa katikati. Na Waganda wana ma-VJ wao mpaka leo. Kwa hiyo Wajapani walitutangulia tu.

Kasuku wa Ng'ambo

Mzee, umesema vyema, na wapo wasomi waliowalinganisha wasimulizi wetu na benshi. Lakini shika hapo kwenye "imekatwa katikati", kwa sababu Tanizaki alikuwa upande wa pili kabisa.

KIPANDE CHA 3 (tunaiacha hadithi kidogo, tunakwenda Yokohama)

Tanizaki alizaliwa Tokyo 1886. Mwaka 1917 aliandika makala kuhusu hali ya sinema na kesho yake, wakati ambapo waandishi wengi wa heshima waliiona sinema kama burudani ya watoto. Msimamo wake ulikuwa kwamba filamu za Japani zinapoteza muda kuigiza jukwaa la kabuki mbele ya kamera. Uso wa mwanadamu ukikuzwa skrini nzima, alisema, unaonekana kwa namna ambayo jukwaa haliwezi. Na kwamba filamu inaweza vyote viwili, ukweli na ndoto, hivyo inafaa sana kwa visa vya ajabu, vya aina ya Edgar Allan Poe, yule mwandishi Mmarekani wa hadithi za kutisha.

Mwaka uliofuata, 1918, akatoa hadithi fupi inaitwa Jinmenso, uvimbe wenye uso wa mtu. Wapenzi wa yule binti wa kwenye runinga kaeni vizuri. Mwigizaji wa kike aliyefanya kazi Marekani anasikia kwamba kuna filamu yake inazungushwa kwenye kumbi za pembezoni mwa Tokyo. Yeye hakumbuki kuicheza. Ndani yake anaonekana akimsaliti ombaomba mpiga filimbi, yule anakufa, na uso wake unachipuka kwenye goti la mwanamke. Hakuna anayejua nani aliitengeneza, na yule ombaomba hakuna anayemtambua. Ukiitazama ukumbini na watu, ni filamu tu. Ukiitazama usiku, peke yako, bila muziki wala msimulizi, inakudhuru.

Bila msimulizi, Mzee wangu. Ndiyo ilikuwa imani yake: kelele za ukumbi zinatulinda, picha ikibaki peke yake na mtu ndipo inauma.

Sinza Kijiweni

Ngoja. Filamu iliyolaaniwa, anayeiangalia anapata matatizo. 1918?

Kasuku wa Ng'ambo

1918. Riwaya ya Koji Suzuki iliyozaa Ringu, ile ya mkanda wa video uliolaaniwa, ilitoka 1991.

Sinza Kijiweni

Basi mimi nalala taa ikiwaka.

dada_Mwanaidi

Rudi Yokohama.

Kasuku wa Ng'ambo

Narudi, dada.

Mwaka 1920 familia ya Asano, wenye kampuni ya meli ya Toyo Kisen, wakaanzisha Taikatsu. Walitaka filamu za kisasa zinazoweza hata kuuzwa nje. Wakamwajiri Tanizaki kama mshauri wa fasihi na Kurihara kama mwongozaji. Huyu Kurihara jina lake la nyumbani ni Kisaburo. Alikwenda Marekani akiwa kijana, akaigiza Hollywood kwenye filamu za mtayarishaji Thomas Ince wakati Mjapani mwenzake, mwigizaji Sessue Hayakawa, anapanda chati, akarudi na jina la Thomas na ujuzi wa jinsi filamu inavyokatwa na kuunganishwa kule. Kwa hiyo una mtu mwenye kalamu na mtu mwenye mkasi.

Filamu yao ya kwanza, Amachua Kurabu ya 1920, ilikuwa vichekesho vya ufukweni Kamakura, na mwigizaji mkuu wa kike ni shemeji yake Tanizaki. Ya mwisho ndiyo hii ya joka. Safari hii mavazi ya kale, mashamba na mahekalu, lakini siyo kwa mtindo wa kabuki. Manago alichezwa na mwanamke, Yoko Benizawa. Leo ni jambo la kawaida. Wakati huo, kwenye studio kubwa ya Nikkatsu bado wanawake walichezwa na wanaume, na wanaume hao waliondoka kwa wingi 1922 tu.

Mwaka uleule wa 1921 ikaingia Japani filamu ya kutisha ya Kijerumani ya Daktari Caligari, Tanizaki akaiandikia makala. Unaona upepo ulikuwa unavuma wapi.

Yokohama Used Spea

Wakuu, miaka yote hii Yokohama naijua kwa magari tu. Kumbe walikuwa wanatoa na majini. Kuna Noah moja nililetewa, sasa naanza kuielewa.

Mzee wa Gerezani

Kasuku, maliza hadithi ya joka kwanza, haya ya studio tutayarudia. Na bado sijakubali hilo la kumfukuza msimulizi.

Kasuku wa Ng'ambo

KIPANDE CHA 4

Wakiwa wameoana, shemeji anawapeleka Yoshino kutazama maua ya micheri. Manago hataki, analazimishwa. Karibu na maporomoko ya maji anatokea mzee mmoja mtu wa mahekalu, anawakazia macho wale wanawake wawili na kusema kwa nini viumbe nyie mnapoteza watu. Manago na mjakazi wanaruka kwenye maporomoko, maji yanachupa juu, mawingu meusi kama wino yanashuka. Mzee anamwambia Toyoo: yule ni joka la miaka mingi, limekupendea uzuri wako.

Toyoo anarudi Kii. Wazazi wanamwozesha binti aitwaye Tomiko, aliyewahi kutumika kasri la mfalme. Usiku wa kwanza unapita salama. Usiku wa pili Toyoo kalewa kidogo, anamtania: wewe uliyekaa kasri, bila shaka ulizoea mabwana wakubwa. Tomiko anainua uso. Sauti inayotoka ni ya Manago. Anasema: umesahau ahadi ya zamani ukampenda huyu asiye na lolote, basi chuki yangu kwake ni zaidi ya yako.

Wanaitwa wataalamu. Anakuja mtawa kutoka Kurama, anacheka, nyoka tu, anachanganya dawa, anafungua mlango wa chumba. Kichwa cha joka kimejaa mlango mzima, cheupe kuliko theluji, macho kama vioo, pembe kama miti iliyokauka. Yule mtawa haponi.

Ndipo Toyoo anafanya jambo la kwanza la kiume kwenye hadithi nzima. Anaingia mwenyewe, anamwambia: mwache huyu binti aishi, nichukue mimi unakotaka. Naye anakubali kwa furaha.

Lakini nje wameshakwenda kumwita Hokai, mtawa mzee wa hekalu la Dojoji. Anampa Toyoo joho lililofukizwa haradali, amfunike nalo kwa nguvu zote. Anamfunika. Chini ya joho analia: naumia, mbona huna huruma, legeza kidogo. Toyoo halegezi. Wakifunua, Tomiko kazimia, na juu ya kifua chake kuna nyoka mweupe, hatembei. Hokai anamtia kwenye bakuli, pamoja na mwingine mdogo, ambaye ni mjakazi, anawazika mbele ya hekalu. Tomiko akaugua akafa. Toyoo akaishi.

Akinari hakuibuni yote. Mzizi wake ni kisa cha Kichina cha Bibi Nyoka Mweupe, kilichochapwa na Feng Menglong 1624, pale ziwa la Magharibi mjini Hangzhou. Dojoji nayo ilikuwa na kisa chake cha kale cha mwanamke aliyegeuka joka kwa ajili ya mtawa aliyemkimbia.

dada_Mwanaidi

"Legeza kidogo." Hapo nimeweka simu chini.

Otaku wa Kigamboni

Bibi Nyoka Mweupe ndiye wa Hakujaden, Toei 1958, filamu ndefu ya kwanza ya rangi ya katuni Japani! Miyazaki, yule bingwa wa filamu za katuni, aliiona akiwa sekondari ikamvuruga akili. Na Orochimaru wa katuni ya Naruto je, ni ukoo huohuo wa nyoka?

Kasuku wa Ng'ambo

Ukoo tofauti, ila jirani. Jiraiya, Tsunade na Orochimaru wanatoka kwenye hadithi ya karne ya 19 ya Jiraiya, mtu wa uchawi wa chura, adui yake ana uchawi wa nyoka. Na sikia hii: mwaka uleule wa 1921 Shozo Makino alitoa filamu ya Jiraiya, nyota akiwa Matsunosuke Onoe, yule aliyecheza filamu zinazokadiriwa kufikia 1,000. Mtu anafuka moshi, anageuka chura mkubwa wa vitambaa, anameza watu, anawatema. Imepigwa kwa mtindo ambao Tanizaki aliuchukia: kamera imesimama, waigizaji wanajipanga kama jukwaani.

Ile ipo. Unaweza kuiangalia leo mtandaoni, sehemu yake iliyosalia. Ya Tanizaki haipo.

Otaku wa Kigamboni

Ile ya chura nimeiona!! Nilidhani ni utani wa mtu. Ni nzuri bwana, ina raha yake.

Mzee wa Gerezani

Hahaha. Chura wa vitambaa kambakisha Makino, fasihi ya kisasa imekwenda na maji. Ilipoteaje?

Kasuku wa Ng'ambo

Hakuna mtu mmoja wa kumlaumu. Filamu za wakati ule zilikuwa za nitrati, inashika moto kwa haraka na hata isipowaka inaoza yenyewe ghalani. Nakala zilizochapwa zilikuwa chache, zikazungushwa mpaka zikachanika. Taikatsu waliacha kutengeneza filamu mwaka huohuo wa 1921, ikamezwa na Shochiku 1922, na kampuni ikifa nani atalinda makopo? Halafu Septemba 1, 1923 tetemeko la Kanto likaiangusha na kuichoma Yokohama na sehemu kubwa ya Tokyo, watu zaidi ya 100,000 wakafa. Baadaye mabomu ya vita. Kurihara mwenyewe alifariki 1926. Filamu zote nne ambazo Tanizaki alifanya na Taikatsu zimepotea.

Wakati mwingine zinarudi. Kurutta Ippeji ya 1926 ilikutwa 1971 kwenye ghala la mwongozaji wake mwenyewe, Teinosuke Kinugasa. Vipande vya Chuji Tabi Nikki ya Daisuke Ito vilipatikana 1991. Kwa hiyo sijafunga mlango.

Mwenye hamu ya kuona angalau sura, Tokihiko Okada, kijana aliyeanzia Taikatsu na kupewa jina la kisanii na Tanizaki, yumo kwenye Tokyo no Korasu ya Ozu, 1931. Hiyo ipo nzima.

Msee wa Buruburu

Kasuku, hebu nikurudishe kwa ile scene ya Tomiko. Umesema mke anainua uso na sauti ni ya Manago. Sasa kwa filamu bubu hiyo sauti inatoka wapi? Mwili ni wa Tomiko, nguo ni za Tomiko, uso ni wa Tomiko. Kitu kimoja tu kimebadilika, ni sauti. Na filamu haina sauti!

Mzee wa Gerezani

HAPO SASA. Kijana wa Nairobi nakupa soda. Kasuku jibu.

Kasuku wa Ng'ambo

Ni swali zuri mno. Mwongozaji wa wakati ule alikuwa na njia chache. Anaweza kuandika maneno ya Manago kwenye skrini na kuachia mtazamaji ashtuke mwenyewe. Anaweza kupiga picha mara mbili juu ya mkanda mmoja, uso wa Manago uje juu ya uso wa Tomiko kama pumzi kwenye kioo. Au anamwachia mwigizaji: kamera inamsogelea, na anabadilika machoni tu, bila ujanja. Tanizaki aliyeandika 1917 kuhusu uso uliokuzwa, nadhani moyo wake ulikuwa kwenye hiyo ya tatu. Binafsi ndiyo ningeilipia kiingilio.

Msee wa Buruburu

Na msimulizi je? Yeye anabadilisha sauti tu, kazi imeisha. Hahitaji kioo.

Mzee wa Gerezani

Fikirieni ukumbi. Msimulizi amekuwa akimpa Tomiko sauti nyembamba ya binti wa kasri, watu wameizoea. Skrini haijabadilika hata kidogo. Ghafla gizani, kutoka pembeni, inakuja sauti ya Manago, ile waliyoisikia kwenye mvua mwanzoni. Hapo nywele zinasimama. Tanizaki wako alikuwa anamfukuza mtu pekee ambaye angeweza kuifanya hiyo scene.

Kasuku wa Ng'ambo

Mzee, nakubali kwa onyesho hilo moja. Ila chukua lile la nyumba iliyooza, mwanamke kakaa katikati ya vumbi, ametulia, haongei. Msimulizi akifungua mdomo pale kaua. Lile ni la Tanizaki.

Na angalieni alichofanya Kenji Mizoguchi 1953, sauti ikiwa imeshaingia zamani. Alipotengeneza Ugetsu alichukua hadithi hii na nyingine moja ya Akinari akazichanganya, ikapata Simba wa Fedha Venice. Pale mwanamke wa ajabu hana nyoka ndani yake, ni mzimu wa binti wa ukoo uliouawa, na hakuna mke wa pili anayeingiwa. Kwenye jumba lake inasikika sauti ya baba yake marehemu ikiimba kutoka kwenye vazi lake la vita. Alipopata sauti, aliwapa wafu.

dada_Mwanaidi

Nyie wanaume mnagombania sauti, hakuna hata mmoja aliyeuliza habari za Tomiko mwenyewe. Manago alikuwa na tamaa yake, Toyoo alikuwa na uzuri wake, watawa walikuwa na kazi yao. Huyu katolewa kasri, kaolewa, siku ya pili kaingiwa na joka, mume kamkandamiza kwa joho, kaugua kafa. Makosa yake yapo wapi?

Sinza Kijiweni

Ameolewa na Toyoo. Hilo linatosha.

Kasuku wa Ng'ambo

Dada, Akinari anampa sentensi moja ya kifo na kuendelea. Nimeirudia hadithi mara nyingi na bado inanikera. Mwigizaji wa Tomiko ndiye mwenye kazi ngumu kuliko wote kwenye filamu hii, maana anacheza watu wawili kwa uso mmoja, na wa kwanza kati yao ana usiku mmoja tu wa kujulikana kabla hajapokonywa mwili. Kama hatujampenda usiku ule wa kwanza, wa pili hautatutisha.

Mzee wa Gerezani

Basi nimeamua. Siku likipatikana kopo lolote la filamu hii, hata dakika tano, mimi najitolea sauti ya Tomiko, zote mbili. Kibanda kipo Gerezani, mabenchi yapo, jenereta la shemeji lipo.

Msee wa Buruburu

Mzee, na sauti ya joka nani?

Mzee wa Gerezani

Njoo na nauli yako.